Kliniki ya mifupa: kiwiko wamekiweza, ila kwenye bili walinivunja na mkono wa pili

Nyota nne kwa daktari, tano kwa fizio, moja na nusu kwa watu wa bili. Jina la kliniki naliacha kwasababu walikuja kurekebisha, ila niko Minnesota na waswahili wa huku tunaoteleza kila Januari sio wachache, kwaiyo mwenye kiwiko asome.

Nilianguka nyumbani, naenda kuwasha gari asubuhi, parking imeganda kama kioo, nikajikinga na mkono wa kushoto. Wala sikusikia mlio, nlisikia joto tu kwenye kiwiko, alafu nikajaribu kuzungusha kitasa cha mlango mkono ukagoma kabisa. Emajensi wakapiga eksirei wakasema ule mfupa wa upande wa dole gumba, pale juu unapoingia kwenye kiwiko, una ufa ila haujahama. Wakanipa slingi na namba ya kliniki ya mifupa.

Daktari wa kliniki safi sana. Hakunifunga plasta, mimi nikaona ananipunja, mfupa umevunjika alafu mtu anakwambia anza kuunyoosha baada ya siku chache? Akanielewesha kwamba kiwiko kikikaa kimefungwa muda mrefu kinakakamaa, na kukakamaa ndio shida kubwa kuliko ufa wenyewe. Na walinitafutia mkalimani wa Kiswahili kwa simu bila kulipia, japo Kingereza napanda nacho, nikakubali tu maana maumivu ya mfupa siyawezi kuyasema kwa lugha ya watu. Mama wa watu alijitahidi.

Sasa bili.

Ikaja kwanza ile barua ya bima yenye maandishi makubwa "hii sio bili", ndani imeandikwa nimefanyiwa UPASUAJI. Nikakaa chini. Upasuaji gani, nimepewa slingi na maneno mawili! Nikapiga simu, dada akanieleza vizuri kwamba namba waliyotuma ni 24650, yaani kutibu huo mfupa bila kuuvuta wala kufungua ngozi, ila kwenye orodha zao imepangwa kwenye kundi la upasuaji ndio maana bima inaandika hivyo. Na ndani ya hiyo bei zimo ziara za kufuatilia mfupa huo kwa siku 90, za hapo hapo kliniki. Eksirei na fizio unalipa pembeni. Nikasema sawa, kumbe ni kifurushi, kama bando la simu. Na kweli ziara ya wiki ya pili ikaja na namba 99024, ya ziara iliyomo kwenye kifurushi, dola sifuri. Hapo nikawapenda.

Wiki ya sita narudi, eksirei nyingine, daktari anasema mfupa unaunga vizuri, dakika kumi nimetoka. Baada ya wiki tatu naletewa bili ya dola 40 ya kumuona daktari, na siku hiyo hiyo barua ya bima ina fomu nzima: ajali mpya imetokea lini, ulikua kwenye gari au kazini, kuna mtu mwingine wa kulipa? Ajali mpya ipi jamani.

Nikaomba bili ya mchanganuo, hii mtu yeyote aombe, usilipe ile ya ukurasa mmoja. Nikaona kodi ya ugonjwa (kodi hapa sio ya nyumba wala ya TRA, ni ile namba ya ugonjwa wanayotuma kwa bima) imeandikwa S52.124A. Ya siku za mwanzo ilikua S52.125A. Ukiangalia haraka zinafanana kama mapacha. Kumbe ile 5 ni mkono wa kushoto mfupa haujahama, 4 ni mkono wa KULIA haujahama. Na A mwishoni ni matibabu yenyewe yanaendelea bado, wakati wiki ya sita mfupa unasubiriwa tu uunge ilitakiwa iwe D. Herufi na tarakimu tu hizo, na mimi kwa makaratasi nikawa nimevunja kiwiko cha pili, jeraha jipya, mkono mwingine, kwaiyo ziara ikaruka nje ya kile kifurushi cha siku 90 ikawa ya kulipia na bima nao wakaanza kutafuta gari lililonigonga.

Nilikua nimekasirika kwaiyo nikasoma. Ule mwongozo rasmi wa ICD-10-CM, yaani hiyo orodha ya kodi za magonjwa wanayotumia Marekani, upo bure mtandaoni, CDC (watu wa afya wa serikali) wanauweka, na sura ya 19 ndio ya majeraha. Marekani walihamia kwenye mfumo huu tarehe 1 Oktoba 2015 na kila Oktoba unafanyiwa marekebisho, kodi zimepita elfu 70, mpaka ya kuteleza kwenye barafu ipo (W00, nilipoiona nikacheka peke yangu). Kwa mvunjiko uliofunga, yaani ngozi haikuchanika, ile herufi ya saba ndio inasimulia mfupa umefikia wapi. A nimeshaisema. D unaunga kawaida. G unaunga ila unachelewa. K haujaunga. P umeunga kombo. S ni masalia, mfupa umepona ila umekuachia kitu, mfano kiwiko hakinyooki, na hapo wanatanguliza kodi ya hicho kilichobaki alafu ndio ya mfupa inafuata. Iliyochanika ngozi ina herufi zake nyingine.

Kingine nilichookota humo, daktari asipoandika kama mfupa umehama au haujahama, koda (yule anayegeuza maelezo ya daktari kuwa kodi) anatakiwa aweke umehama. Asipoandika ngozi imechanika au la, inawekwa haijachanika. Yaani kukaa kimya kwa daktari nako kunageuka namba! Binamu yangu yuko kwenye rekodi za wagonjwa Dar, nikamtumia picha, akaniambia ICD-10 ya WHO waliyofundishwa wao haina mambo ya herufi ya saba, akanipa pole ya kweli kabisa.

Simu ya kwanza ya malalamiko nilipokelewa na kaka mmoja mwenye haraka. Akasema hamna shida ndugu, tutabadilisha tuweke Z47, ya uangalizi baada ya matibabu ya mifupa. Ukiisikia inaingia akilini si ndio, ni uangalizi kweli. Ila mwongozo unakataza hilo hilo, kwa jeraha la sasa unabaki na kodi ya mfupa wako ule ule na kubadilisha herufi ya mwisho tu, hizo Z za uangalizi sio za majeraha yenye herufi ya saba. Nikamwambia kwa upole. Akaniweka kwenye muziki dakika 20, alafu simu ikakata. Nyota zilizopotea zimepotelea hapo hapo, maana kukosea namba naelewa, mtu anabonyeza mamia kwa siku, ila kuniziba mdomo kwa namba nyingine ya kubuni ndio sijapenda.

Simu ya pili nikaomba koda mwenyewe. Dada mtaratibu, akafungua maelezo ya daktari huku nasikia, akasoma "kushoto, unaunga vizuri", akasema tu "aah, pole, hili ni kosa letu". Hakunizungusha. Akatuma dai la kuchukua nafasi ya lile la zamani, linaenda na namba 7 ili bima wajue ni masahihisho na sio dai jipya, likiwa na S52.125D na ziara ikarudi 99024. Ile fomu ya ajali akaniambia niijibu hivyo hivyo, niandike nimeanguka mara moja tu, Januari, kushoto, nyumbani. Mwezi uliofuata dola zangu 40 zikarudi.

Fizio nao niwaseme maana wako jengo moja ila wanatuma bili zao wenyewe. Toka siku ya kwanza waliweka S52.125D na pembeni yake M25.622, kukakamaa kiwiko cha kushoto, na bima haikuuliza swali hata moja. Yule binti anakukunja mkono mpaka unamkumbuka bibi yako, ila nilianza siwezi kugusa bega langu na sasa navaa shati bila kusaidiwa. Kunyoosha bado kidogo, hatua za mwisho zinagoma.

Nitarudi kwao? Kwa mkono ndio, ila safari hii bili nitakua naikagua herufi kwa herufi kabla sijatoa kadi. Parking ni bure iko nyuma ya jengo, na chumvi wanamwaga mpaka mlangoni, hilo nililiangalia kabla hata sijashuka kwenye gari.