Amadeus: vumilia mpaka ufike kitandani

Kila sikukuu ya Mwili na Damu ya Kristo kwaya yetu huimba Ave Verum Corpus ya Mozart, na mimi nipo besi. Juzi ndiyo mwalimu anatuambia kwamba Mozart aliutunga Juni 1791 kwa ajili ya mwalimu wa kwaya wa mji wa Baden, na hata miezi sita haikupita akafariki, ana miaka 35. Nikaitafuta Amadeus, filamu ya Milos Forman ya 1984. Nimeiangalia kwenye simu, lile toleo refu la saa tatu, bando likaniishia mara mbili.

Sehemu kubwa ni mawigi, ikulu ya Vienna, kicheko cha Mozart kinachokera (makusudi) na Salieri, mtunzi mwenzake, anayeliwa na wivu. Inapendeza, ila kuna mahali nilisogeza mbele.

Halafu kile kitanda. Mozart hoi, jasho linamtiririka, na Salieri yuko kando yake na karatasi za noti, anaandika anachoambiwa. Besi kwanza: tunawasikia peke yao. Sauti ya tatu (tenor). Trombone zikiwasindikiza. Tarumbeta na ngoma. Mwisho nyuzi zote, kama moto unaotafuna kuni. Salieri analalamika anapelekwa mbio. Kisha vyote vinaunganishwa, nikasisimka mwili mzima. Nimerudia mara nne. Ni Confutatis, sehemu ya Requiem (misa ya wafu) ya Mozart, na sisi wimbo tunafundishwa vivyo hivyo, sauti moja moja.

Kwa historia, usiiamini sana. Salieri hakuandikishwa noti yoyote pale, wala hakumuua Mozart. Oktoba 1791 Mozart alimchukua kwenda kuona opera yake Die Zauberflöte, akamwandikia mkewe kwamba jamaa alishangilia kila kipande. Baadaye Salieri akamfundisha muziki mtoto wa marehemu. Requiem iliagizwa kwa siri na Count Walsegg, mfiwa aliyetaka kuipitisha kama kazi yake mwenyewe. Filamu inamleta Constanze, mke wa Mozart, asubuhi, dakika za mwisho kabisa. Kumbe alikuwepo nyumbani, na mdogo wake Sophie pia. Lacrimosa, sehemu nyingine ya Requiem, Mozart aliiachia kipimo cha nane, mwanafunzi wake Süssmayr akamalizia.

Nyota nne kati ya tano. Nimemwomba mwalimu tujaribu Confutatis. Kasema sauti ya tatu tunao wawili, na mmoja ana mafua.