Niliagiza sauti ya mzee Hart, nikaletewa mdomo

Nyota moja, na hiyo ni ya bahasha, maana ilifika haijachanika.

Mwezi juzi hivi niliagiza seti ya DVD za William S. Hart, yule kauboi wa filamu bubu mwenye uso mrefu utadhani anakwenda msibani. Ukweli ni kwamba nilikuwa nafuata dakika nane tu. Filamu yake ya mwisho, Tumbleweeds, ilitoka 1925 ikiwa bubu. Iliporudishwa kumbini 1939, mzee alikuwa na miaka 74. Akavaa tena nguo zake za kauboi, akasimama mbele ya kamera, akawaaga watu kwa sauti yake mwenyewe. Na huyu hakuokotwa machungani, jamani! Alikuwa mtu wa jukwaani, kacheza hadi Shakespeare, sinema kaingia 1914 akiukaribia umri wa miaka 50. Sauti ndiyo iliyomlisha miaka yote hiyo.

Basi nikachemsha chai, nikazima taa, nikaweka diski. Mzee huyo hapo, kofia na kila kitu. Mdomo ukafunguka. Kimya. Nikapandisha sauti hadi mwisho, spika ikatoa sssss. Nikachomoa waya, nikachomeka. Nikajaribu diski ya taarabu, inaimba vizuri kabisa. Nikarudi kwa mzee: anaongea, anaongea, nami namwangalia kama mtu anayeagwa na ndugu nyuma ya kioo cha basi lililokwisha kuondoka.

Nikampigia muuzaji. Akacheka. Akacheka!

"Sasa mzee wangu, si uliagiza filamu bubu? Sauti ya nini tena?"

Nikamweleza habari ya 1939, polepole, kwa adabu.

"Diski ni nzima, mzee. Shida ni umri wa filamu." Akakata simu.

Mimi nimeuza duka miaka mingi, nimerudishiwa hadi sukari iliyofunguliwa, sijamcheka mteja.

Haya, nisiwe mnafiki. Diski ya pili ina Hell's Hinges ya 1916, na picha imetulia kuliko nilivyotarajia. Hart ni Blaze Tracy, jambazi anayetakiwa amtimue mchungaji, kumbe anabadilishwa na imani ya dada yake mchungaji. Mwishoni anaingia kilabuni na bastola zake, anazipiga risasi taa, moto unashika, mji mzima unateketea. Uso wake hausogei hata ukope. Nimeirudia mara tatu. Usiku ule nilikuwa tayari kutoa nyota nne na kusamehe yote.

Jana nikairudisha ile diski ya kwanza, labda mashine ilikuwa na kisirani tu. Sssss. Nimesoma kwamba katika kuaga kwake anamkumbuka farasi wake wa madoa, Fritz, aliyekufa mwaka mmoja kabla. Nimeutazama ule mdomo hadi macho yameuma, sijapata ni wapi anapomtaja.

Nyota moja. Bahasha nayo nimeshaitupa.