Studio ya tepu za odishen River Road: taa safi, ila sema mapema wasikuguse sura

Kwa waigizaji wadogo wadogo kama sisi tunaosaka odishen kila wiki, kuna studio ya kurekodi tepu za odishen, yaani zile video za kutuma kwa watu wa kasting, wale wanaochagua waigizaji, iko ghorofa ya tatu pande za River Road, Nairobi, bango hakuna, unapitia kwa duka la vifuniko vya simu halafu unapanda ngazi. Elfu mbili kwa saa, M-Pesa kabla hujakaa, na ukichelewa dakika zako zimeenda.

Kwa taa siwadanganyi, hawa watu wanajua kazi. Ukuta wameupaka kijivu, sio ule mweupe wa picha za paspoti, na hiyo inatusaidia sana sisi weusi tii juu kamera ikiachwa kwa oto, yaani ijipangie yenyewe, inapima mwanga wa fremu yote, ikiona ukuta mweupe inajipunguza na uso wako unazama, unabaki macho na meno. Jamaa wa kamera anaitoa oto, anapimia kwa shavu lako, anasogeza taa polepole hadi kale kakovu kangu ka kwa paji kakaonekana vizuri. Tena wako na dada wa kukusomea laini za mwenzako, anakaa karibu kabisa na lenzi ndio macho yasihangaike, na anasoma na hisia, sio kama anasoma risiti.

Sasa kwa kuedit ndio tulikosana. Klipu inakuja kwa simu naangalia, kovu limeenda, ngozi laini hadi haina vinyweleo, rangi imepanda, pua hata sijui iliendewa wapi. Nikauliza kijana wa kuedit. Akasema, "Siz, nimekutoa tu giza kidogo, wateja hupenda hivyo."

Wateja gani? Mimi kwa TikTok naigiza landlady wa wigi na miwani, filta naweka hadi shingo inapotea na hakuna neno, ile ni karakta na mashabiki wanajua. Lakini mtu wa kasting anataka sura ile itaingia kwa mlango wake Jumatatu, akipata nyingine atasema nimetuma dadangu. Na sio mambo ya jana haya, Kodak, wale wa filamu za kamera, miaka mingi walikuwa wanapima rangi za picha na kadi za Shirley, yaani ngozi ya mwanamke mzungu ndio kipimo, na sisi tutoke vile tutatoka. Leo ni kijana wetu wa River Road anafanya hiyo kazi na mkono wake, tena akidhani ananisaidia.

Alinipea ile orijino bila kelele na bila kuongeza pesa, na hiyo ndio itanirudisha. Nyota nne. Mwambieni mkilipa tu: hakuna kulainisha, hakuna kung'arisha. Asitume kama video ya kawaida ya WhatsApp pia, inabanwa na ubora unaisha, atume kama dokumenti ama linki ya Drive. Na chukueni masaa ya asubuhi, jioni matatu zikianza kubanana huko chini maiki inanasa kila honi na makanga wake.