Kumchochea mtu ajiue: ushahidi Kenya na India

Kenya, kifungu cha 225 cha Kanuni ya Adhabu kinaruhusu kifungo cha maisha. Ushauri mtupu hautoshi: upande wa mashtaka lazima uonyeshe kwamba ushauri huo ndio uliomsukuma marehemu. Kazi ngumu hiyo, maana shahidi mkuu hayupo.

India adhabu ni hadi miaka 10, chini ya kifungu cha 108 cha sheria ya jinai iliyoanza Julai 2024. Mwaka 1995 Mahakama ya Juu ya huko ilikataa kwamba “nenda ukafe” ya kwenye ugomvi ni uchochezi, nia haikuwepo. Lakini mke akijiua kabla ya miaka 7 ya ndoa, na ukatili wa mume au jamaa zake ukathibitishwa, mahakama inaweza kudhania alichochewa. Kifungu cha 225 cha Kenya hakina mlango huo.