Kozi ya kutathmini shida za kumeza: nimeimaliza, haya ndo maoni yangu

Nimemaliza kozi ya onlaini ya kutathmini na kuhudumia wagonjwa wenye shida ya kumeza, wiki nane, moduli sita, na tangu nipate satifiketi wenzangu wa wadi wananiuliza kila siku kama inafaa au ni kupoteza hela. Inafaa. Nyota nne kwa tano. Ila ile moja niliyoikata nimeikata kwa uchungu na nataka nieleze vizuri kwa nini, maana inamgusa mgonjwa moja kwa moja. Jina la kozi siliweki, malalamiko nimewaandikia wenyewe na bado wanayashughulikia.

Mi ni nesi, nafanya wadi ya wagonjwa wa kiharusi, huu mwaka wa sita. Kazi ya kumeza kwa haki ni ya mtaalamu wa tiba ya usemi lakini wote mnajua, saa tisa usiku mgonjwa anapotakiwa kunywa dawa yake mtaalamu hayupo, aliyepo ni nesi na kikombe cha maji. Na nilichokuwa nafanya miaka yote hiyo ndo nilichorithi kwa walionitangulia: mkalishe, mpe maji kidogo, asipokohoa andika anameza vizuri, akikohoa asipewe kitu mpaka asubuhi.

Kiswahili kina neno, kupaliwa. Ukisikia mtu kapaliwa unaona kabisa, kikohozi, macho yamejaa machozi, mtu anahangaika kuvuta pumzi. Sasa moduli ya kwanza inaanza na vidio ya eksirei, mgonjwa anakunywa beriamu, ule uji unaoonekana kwenye eksirei, unaona mstari mweusi unateremka juu ya ulimi, unafika kwenye shina la ulimi, unasita pale kidogo, halafu badala ya kwenda nyuma kwenye umio, yaani njia ya chakula, unapita mbele, chini ya nyuzi za sauti, unaingia njia ya hewa. Mgonjwa ametulia tu. Hajakohoa, hajakunja uso, anasubiri kijiko kingine. Niliirudia ile vidio mara sita kama si saba. Kuna kipimo cha Rosenbek na wenzake cha mwaka 1996 kinachopanga haya mambo kwa ngazi 8, ngazi ya 7 kitu kimeingia chini ya nyuzi za sauti na mgonjwa anajitahidi kukitoa hakitoki, ngazi ya 8 kimeingia na mwili haujajaribu hata kukohoa, na hiyo ndo mbaya kuliko zote. Yaani kupaliwa kimyakimya. Wenyewe wanaita aspiresheni ya kimya.

Nikamkumbuka mzee mmoja. Alikunywa maji mkononi mwangu bila shida yoyote, sauti yake tu ilibadilika baadaye ikawa kama ina maji ndani, mi nikadhani ni uchovu, nikaandika anameza vizuri na jina langu nikasaini. Siku ya tatu homa, siku ya nne kifua. Siwezi kuapa kwamba ni yale maji, mgonjwa wa kiharusi ana njia nyingi za kupata nimonia, lakini ile sauti niliisikia kwa masikio yangu na sikujua inaniambia nini. Kwa hilo peke yake ningelipa tena.

Kitu kingine walichokieleza vizuri sana ni kwamba ukubwa wa tatizo unategemea umelitafuta vipi. Wanatumia uchambuzi wa Martino na wenzake wa mwaka 2005 wa wagonjwa wa kiharusi: ukiwachuja kwa vipimo vya haraka unawakuta wenye shida ya kumeza asilimia 37 mpaka 45, ukiwapima kwa kina kitandani 51 mpaka 55, ukitumia mashine za kuona ndani ya koo 64 mpaka 78. Wagonjwa wale wale wa aina moja. Hebu fikiria hapo katikati ni watu wangapi wanaoandikiwa wako sawa.

Moduli ya pili ni maumbile na neva, animesheni nzuri, haina mbwembwe. Unaona jinsi pumzi inavyosimama kwa muda mfupi, kikoromeo kinapanda juu na mbele, kidakatonge kinajifunika, nyuzi za sauti zinajifunga, mlango wa umio unafunguka, na yote hayo kwenye koo huchukua kama sekunde moja hivi. Ukishaiona hiyo sekunde moja ndo unaelewa kwa nini maji matupu yanaweza kuwa hatari kuliko kitu kizito: maji yanakimbia, na kama koo limechelewa hata kidogo yanakuta mlango uko wazi. Wamevunja pia ile imani ya kumgusa mtu nyuma ya koo na kijiti uone kama atatapika, eti akishtuka basi anameza salama. Kuna watu wazima wengi tu hawana huo mshtuko na wanameza vizuri, na kuna wanaoshtuka na bado wanapaliwa. Kwetu wadini bado wapo wanaotumia hiyo, nimeanza kubishana nao taratibu.

Moduli ya tatu, tathmini ya kitandani, hapa ndo roho ya kozi na hapa hapa ndo palinikera. Mafundisho yenyewe ni mazuri: kabla hujampa mtu chochote muangalie kwanza. Yuko macho kwa muda wa kutosha? Anameza mate yake au yanamtoka? Akiambiwa kohoa anakohoa kikohozi cha maana? Wanafundisha kipimo cha GUSS kilichotoka Austria mwaka 2007, kina alama 20, unaanza na hayo ya mate na kikohozi, ukipita ndo unampa kitu kizito laini, halafu majimaji, halafu kigumu. Wanakilinganisha na kile cha kunywa maji mililita 90 mfululizo bila kupumzika. Wanasema wazi kwamba hivi vyote ni vya kuchuja tu, havikwambii ndani kunatokea nini, ukitaka kuona unahitaji kamera ya puani au eksirei ya beriamu. Safi.

Halafu wanafika kwenye mkono. Unaweka vidole vinne shingoni mwa mgonjwa kwa mguso mwepesi, cha kwanza nyuma tu ya kidevu kwa chini, cha pili kwenye kile kimfupa cha chini ya ulimi, cha tatu juu ya kikoromeo na cha nne chini yake, halafu unasikiliza kwa vidole, ulimi unaanza lini, kikoromeo kinapanda lini na kinapanda kwa nguvu gani. Nzuri. Dakika nne za vidio, mwalimu anajiwekea vidole mwenyewe, mwisho. Baada ya hapo kwizi ya maswali kumi na moduli imefungwa. Jamani! Vidole havifundishwi kwa kwizi. Nilijaribu kwa mume wangu, kwa mtoto, kwa wenzangu wanne wa zamu, ikawa naelewa shingo ya mtu asiye mgonjwa vizuri kabisa, nilipoweka mkono kwa mgonjwa wa kwanza sikujua kama nahisi kikoromeo au nahisi mapigo yangu mwenyewe. Tangazo lao lilisema mafunzo ya vitendo chini ya msimamizi. Msimamizi niliyempata ni mtu wa kujibu imeili baada ya siku tano, hajawahi kuniona nikimgusa mgonjwa hata mara moja, na satifiketi imeandikwa nina uwezo wa kutathmini. Hiyo ndo nyota iliyokatwa. Mwishowe nilimuomba mtaalamu wa tiba ya usemi anayekuja wadini kwetu asimame pembeni yangu, akaweka mkono wake juu ya wangu, mgonjwa wa tatu au wa nne hivi ghafla nikaihisi, kikoromeo kinapanda nusu halafu kinarudi, na mgonjwa anameza mara ya pili ya kusafisha. Asubuhi moja tu, na vidio zote hazikuweza kunipa hiyo.

Moduli ya nne ni uzito wa vinywaji na ulaini wa vyakula, wanafuata mfumo wa kimataifa wa IDDSI wenye ngazi 0 mpaka 7. Hii niliipenda mno kwa sababu inakutoa kwenye "kizito kidogo" na "kizito kiasi", maneno ambayo kila nesi anayapima kwa jicho lake. Unachukua sirinji ya mililita 10, ila angalia, si kila sirinji, ile mistari kutoka 0 mpaka 10 iwe na urefu wa milimita 61.5, unatoa ile ya kusukumia, unaziba tundu kwa kidole, unajaza mpaka 10, unaachia na kuhesabu sekunde 10 kisha unaziba tena. Kikibaki chini ya 1 hiyo ni ngazi 0, 1 mpaka 4 ngazi ya kwanza, 4 mpaka 8 ya pili, zaidi ya 8 ya tatu, kisipotoka kabisa basi ni ya nne na hapo unahamia kwenye kijiko na uma. Nilikoroga maji na unga wa kuongezea uzito, ule wa wanga, nikapima ikabaki kama 5, nikafurahi, nikaacha kikombe mezani nikaenda kubadilisha shuka za mgonjwa. Nimerudi baada ya nusu saa nikapima tena, sirinji imebaki karibu imejaa. Ule wa wanga unaendelea kuwa mzito ukikaa, na mate nayo yanaulainisha tena kwa sababu yana kimeng'enya cha kuvunja wanga, kwa hiyo kikombe ambacho mgonjwa anarudishia rudishia mate yake hakina uzito mmoja mwanzo na mwisho. Kuna unga mwingine wa kuongezea uzito, wa gamu ya zanthani, huo unahimili zaidi mate. Haya ya kikombe kukaa mezani kozi haikusema kabisa, nimeyaona mwenyewe, na mezani ndo vikombe vya wagonjwa wetu vinakaa!

Ugomvi wangu mwingine uko humo humo. Swali la saba la kwizi linakupa mgonjwa anayekohoa akinywa maji, unaulizwa hatua ya kwanza, jibu "sahihi" ni mpe vinywaji vizito. Nilikosa makusudi, nikawaandikia. Kuna utafiti mkubwa wa mwaka 2008 wa Robbins na wenzake, watu 515 wenye dimenshia (ugonjwa wa kupoteza kumbukumbu) au Parkinson (ule wa kutetemeka), ulilinganisha kunywa maji ya kawaida huku kidevu kimeinamishwa na kunywa vinywaji vizito, na kwa miezi mitatu nimonia hazikutofautiana kwa maana yoyote, ila waliopewa vizito ndo walioishiwa maji mwilini zaidi, asilimia 6 kwa 2. Sisemi visitumike, wapo wanaovihitaji kabisa na nawapa kila siku. Nasema si vya kumwagia kila mtu anayekohoa halafu ukageuka ukaondoka, mtu ananyimwa maji matupu wiki baada ya wiki, midomo imekauka, anakataa kunywa, na hakuna aliyerudi kumpima upya. Wamenijibu kwamba swali litapitiwa upya, nasubiri.

Usafi wa kinywa wameupa dakika nane. Nane! Na wakati wao wenyewe wanaonyesha kazi ya Langmore na wenzake ya mwaka 1998 iliyoonyesha kwamba nimonia ya namna hii inawafuata zaidi wale wanaolishwa na mtu mwingine, wanaosafishwa kinywa na mtu mwingine, wenye meno mengi yaliyooza, na kwamba shida ya kumeza peke yake mara nyingi haitoshi kuileta. Kinachoingia mapafuni kinabeba kilichopo mdomoni. Mgonjwa anayelishwa kwa mpira wa puani ndo kinywa chake husahaulika kuliko wote kwa sababu "hali kitu", na mate yake anayameza, au hayamezi, mchana na usiku. Hiyo ilistahili moduli nzima.

Moduli ya tano, mazoezi na mbinu, nzuri kiasi, kumeza kwa nguvu, kuinamisha kidevu, kuinua kichwa ukiwa umelala chali, kumeza huku umeng'ata ncha ya ulimi (hilo ni la mate tu, kamwe usimpe na chakula). Wamesisitiza kuinamisha kidevu si dawa ya kila mtu, kwa wengine kunaongeza shida, ndo maana ni vizuri uone kwanza kwa kamera au eksirei. Watoto wamepitiwa juujuu, kama kazi yako ni watoto usichukue hii.

Ya sita sikuitegemea. Inahusu kuongea na familia, na mgonjwa mwenyewe anayesema najua hatari ila nataka kula. Kuna igizo la binti anamwambia nesi, "Sista, baba ana kiu, na wewe umeweka karatasi kwamba asipewe kitu, mnataka afe na kiu?" Nesi hamjibu kwa karatasi. Anavuta kiti, anamuonyesha vidio ya baba yake akinywa, anasimamisha pale mstari mweusi unapopita, anamwacha aangalie. Halafu anamfundisha kumsafisha baba kinywa, anamuonyesha kijiko kidogo cha kumlowanishia midomo, wanapanga pamoja siku ya kumpima tena. Nimelifanya hilo mara mbili tangu nimalize, mara ya kwanza yule mtoto wa mgonjwa alilia, mara ya pili aliuliza maswali mpaka zamu yangu ikaisha.

Kama wewe ni nesi, fizio, daktari wa wadi au mtaalamu wa tiba ya usemi unayeanza, ichukue, ila kabla hujalipa tafuta kwanza mtu wa kusimama pembeni yako na mkono wake shingoni mwa mgonjwa, kama humpati subiri umpate. Vidio za kamera ya puani zitazame kwenye skrini kubwa, mi nilianza kwenye simu na yale mate yaliyotuama juu ya nyuzi za sauti sikuyaona kabisa mpaka nilipofungua kwenye kompyuta.