Sinema za Mcuba juu darini, Malindi: nendeni jamani

Kama uko Malindi na Ijumaa usiku huna mpango, nenda pale mkahawa wa Shela wenye dari ya wazi huko juu, baada ya isha wanatundika shuka jeupe wanawasha projekta, na mwezi huu ni kazi za mtu mmoja tu, mwongozaji sinema Tomás Gutiérrez Alea wa Cuba, kwao walimzoea kwa jina la Titón. Kiingilio hakuna, we agiza tu kitu. Mishkaki iko sawa, juisi ya ukwaju tamu sana, ila viazi karai vinafika vimepoa na mhudumu ni mmoja kwa watu wote wale, hapo waongeze mtu.

Sasa sinema zenyewe. Walianza na El Mégano ya 1955, fupi tu, wachoma makaa wa kinamasi cha Zapata, aliitengeneza na Julio García Espinosa baada ya wote wawili kusomea sinema Roma, na polisi wa Batista, dikteta wa Cuba wakati ule, wakaitwaa. Yaani kuonyesha maskini akichoma makaa kuliitisha serikali! Sisi tunaonunua makaa kwa debe bila kuuliza nani kayachoma, ilituingia.

Halafu La muerte de un burócrata ya 1966, wallahi hii ni moto. Mfanyakazi kafa, kazikwa na kadi yake ya kazi, mjane akienda kudai pensheni anaambiwa alete kadi, mpwa wa marehemu anamfukua usiku, sasa kumrudisha makaburini wanakataa manake kwenye karatasi zao huyu keshazikwa, basi maiti iko nyumbani na barafu huku kijana anazunguka dirisha hili dirisha lile, mhuri, sahihi, rudi kesho. Watu walicheka mpaka machozi, nani hapa hajafuatilia kitambulisho au hati ya shamba? Na pesa zilitoka ICAIC, shirika la sinema la serikali lililoundwa 1959, naye Titón mwenyewe alikuwa mmoja wa waanzilishi. Aliyaamini mapinduzi ya Castro yaliyomng'oa Batista, akaishi Havana mpaka akafariki 1996, na bado hakunyamaza pale alipoona mambo yanakwenda kombo. Mtu kama huyo mi namheshimu sana.

Shida kubwa sinema ni za Kihispania na maandishi ya Kiingereza pale chini yanapita mbio, wazee wanaachwa nyuma, bahati kulikuwa na kijana akitafsiri kwa sauti na alijua kweli kweli. Wamlipe huyo, wampe na maiki.

Ijumaa ijayo ni La última cena (Karamu ya Mwisho) ya 1976, tajiri wa shamba la miwa Wiki Takatifu anawaosha miguu watumwa 12, anakula nao meza moja, anawaahidi Ijumaa Kuu hakuna kazi, kesho yake msimamizi anawalazimisha kwenda kazini, wanaasi, na bwana yule yule anaamuru wauawe. Malindi nayo ililimwa na watumwa karne ya 19, kwa hiyo wenye wazee wanaokumbuka hadithi za mababu waleteni, watoto wadogo waacheni nyumbani, na mfike mapema viti vya mbele vinajaa haraka.