Kozi ya jinai ya India mtandaoni, somo la kumchochea mtu ajiue

Hii kozi nawapa tano kwa hili somo tu jamani. Mwalimu anakomaa na kitu kimoja, upande wa mashtaka lazima uthibitishe nia na kitendo chenyewe cha kuchochea au kusaidia, tena kiwe karibu na kifo, manyanyaso ya zamani peke yake hayatoshi. Anachambua kesi ya Mahakama ya Juu ya 2001, mume alimwambia mkewe kwa hasira afanye anachotaka, aende anakotaka, mahakama ikasema huo sio uchochezi ila hatia ya ukatili ikabaki, hapo ndo nilielewa. Notsi sasa ndo zimeniudhi, bado zinasema kosa hili ni kifungu 306 cha sheria ya zamani ya jinai wakati tangu Julai 2024 ni 108 cha sheria mpya, warekebishe bana, kifungo mpaka miaka 10 sio mchezo.